Divya alikwisha kufika

Swali lenu la juma hili: ni mchezaji gani wa filamu aliyekufa kijana ambaye angefika mbali kuliko wenzake kama angeishi? Jina la Divya Bharti, yule mchezaji wa India, lilinijia papo hapo, na hasira nayo. Kila akitajwa hapa Bukavu, mashariki mwa Kongo, watu wanakimbilia kifo: alisukumwa, alijitupa, aliteleza. Alianguka kutoka ghorofa ya 5 huko Mumbai, usiku wa tarehe 5 Aprili 1993, akiwa na miaka 19. Polisi walifunga faili mwaka 1998, wakasema ni ajali. Basi. Tuseme kazi yake.

Alianza na filamu za Kitelugu mwaka 1990. Akaingia za Kihindi mwaka 1992, na mwaka huo mmoja zikatoka kama kumi hivi. Waliokuwa wakienda kuangalia video kule Kadutu, mtaa wa hapa Bukavu, wanaikumbuka mojawapo, Deewana. Niliiangalia nikiwa msichana, nimebanwa kwenye benchi kati ya yaya wangu na mama mmoja muuza sambaza, wale samaki wadogo wa Ziwa Kivu, beseni lake tupu katikati ya miguu. Divya ni Kajal, mjane kijana; mume wake, anayechezwa na Rishi Kapoor, anadhaniwa amekufa. Mama mkwe ndiye anayembembeleza aolewe tena, na Shah Rukh Khan, ambaye ndiyo kwanza anaingia kwenye sinema. Hapo ukumbi ukawaka moto. Wanaume wa nyuma wakapiga kelele kwamba arithiwe na shemeji. Yule mama akasimama, akaziba picha: "Mumuache kwanza alie! Nani amemuuliza yeye mwenyewe?" Hakuna aliyethubutu kumwambia aketi. Hata kijana aliyekuwa akitufasiria alinyamaza, tukabaki na uso wa Divya tu, na macho yale makubwa. Tulielewa yote. Tukipanda kurudi nyumbani, mama yule alimsimulia yaya jinsi mashemeji walivyombebea vitu siku ya matanga, hadi sufuria.

Msichana wa miaka 18 alimfungua kinywa mjane wa Kadutu. Mnataka afike wapi tena? Kumuuliza marehemu angefanya nini zaidi ni kama kumdai.

Lakini kuna Laadla. Divya alikuwa amekwisha kupiga sehemu kubwa ya filamu hiyo. Alipokufa ikapigwa upya, nyota Sridevi akichukua nafasi yake, ikatoka 1994, ikapendwa sana. Ni nafasi ya mwanamke tajiri, mwenye kiburi, bosi wa kiwanda. Kutoka mjane wa Deewana hadi huyo ni mbali, na walimkabidhi mtoto asiyefika hata miaka 20. Waliona kitu.

Kwa hiyo mkinibana, jibu langu ni Divya. Sisemi angempita Sridevi, wala Madhuri Dixit, nyota mwingine wa wakati ule. Tena alikuwa ameolewa tangu 1992, na wachezaji wengi wa kike kule waliacha kazi baada ya ndoa. Huenda naye angeacha. Ila vile vipande vya Laadla alivyopiga, hata bila mwisho, ningevilipia kabla ya filamu yoyote mpya.