Zipo Berlin mbili: kwa waongozaji wapya wa vilima vya Kampala

Wadogo zetu mlioanza kuwapokea wageni wa Kiswahili msimu huu, kazi yenu inaonekana. Sauti zinafika nyuma ya kundi, hakuna anayepotea Owino, kosta inaondoka kwa wakati. Ila mkishafika Old Kampala mkaanza kueleza jinsi Mwingereza na Mjerumani walivyougombania ufalme wa Buganda, mnayarudia yale yale tuliyoyasema sisi tuliowatangulia, na tangu wakati wetu yalikuwa makosa. Tuyarekebishe kabla shule za Mwanza na Kisumu hazijaanza kumiminika.

1. Anzeni juu ya mnara wa msikiti, kisha Namirembe, Rubaga, na Mengo mwishoni, maana kutoka juu mgeni anaviona vilima vyote kabla hajachoka. Ijumaa mchana msipange ziara hapo.

2. Acheni kusema Uganda ilichorwa Berlin mwaka 1884.

Hili ndilo linalotuuma kuliko yote, kwa hiyo tulikalie kitako. Maneno yenyewe yanajulikana: "Wazungu walikaa Berlin, wakashika rula, wakaigawa Uganda." Ni sentensi tamu, mgeni anatikisa kichwa, mwalimu wake anaandika daftarini. Na si kweli.

Mkutano ule ulianza Novemba 15, 1884 ukafungwa Februari 26, 1885. Uliishughulikia zaidi Kongo, biashara huru na usafiri wa mito ya Kongo na Niger. Lile sharti mnalolipenda, la taifa kushika eneo kwa vitendo, liliandikwa kwa ajili ya pwani za Afrika, si bara. Buganda haikuchorewa mstari. Kabaka Mutesa I, mfalme wa Buganda, alikuwa amefariki Oktoba 1884, na Mwanga, kijana, ndiyo kwanza amekalia kiti.

Mstari wa kwanza ulikuja 1886, kwa mapatano ya Uingereza na Ujerumani peke yao. Ulianzia pwani kwenye mlango wa mto Umba, ukaupita mlima Kilimanjaro upande wa kaskazini, ukafika ufuko wa mashariki wa Ziwa Victoria kwenye digrii 1 kusini ya ikweta. Ukakomea hapo majini. Magharibi ya ziwa hapakuandikwa kitu. Pengo hilo, kuanzia 1886 hadi 1890, ndilo ugomvi wenyewe. Ukisema "Berlin 1884" umelifuta, na ukilifuta umemfuta Mwanga pamoja nalo.

Tazameni yaliyopita ndani ya pengo. Septemba 1888 Mwanga alipinduliwa. Mwishoni mwa 1889 alikuwa amejibanza kisiwa cha Bulingugwe, ndugu yake Kalema aliyekalia kiti chake yuko bara, na anachohitaji ni bunduki na mshirika. Akaandika barua kwa Frederick Jackson, mtu wa kampuni ya Kiingereza ya IBEAC, aliyekuwa Mumias, magharibi ya Kenya ya leo, na msafara wake. Jackson alikuwa ameagizwa asiingie Buganda. Akajibu kwa barua na bendera ya kampuni, kuipokea maana yake ni kukubali ulinzi wao, kisha akashika njia ya mlima Elgon kutafuta pembe za ndovu.

Mapema 1890 Mjerumani Carl Peters akaingia kambi ile ya Mumias. Mwenyewe hayupo, barua zipo. Peters akazifungua, akasoma barua ambazo si zake, akajua kwamba Kabaka anatafuta mtu wa kumshika mkono. Hakungoja. Mwishoni mwa Februari alikuwa Mengo, ambako Mwanga alikuwa amesharudi mwezi huo huo, na baada ya siku chache alikuwa na mkataba mkononi, Padri Lourdel, yule Waganda wanayemwita Mapera, akiuunga mkono. Jackson alifika Aprili, akakuta mwenzake ameshaondoka. Akaweka masharti yake mezani, na Mwanga akayakataa. Ndipo wakatumwa wajumbe wawili, Mkatoliki mmoja na Mprotestanti mmoja, wafuatane na Jackson hadi pwani wakaulize: nchi yetu imewekwa upande wa nani?

Hapo mnyamaze kidogo, mgeni aone. Serikali ya Kiafrika ina wageni wawili mlangoni, inapima masharti ya huyu na ya yule, inatuma watu wake kuuliza. Wakati hayo yanaendelea, Julai 1, 1890, Mwingereza na Mjerumani walitia saini mkataba wao, na mstari wa digrii 1 ukavutwa kuvuka ziwa hadi mpaka wa Kongo. Mkataba wa Peters ukawa karatasi tupu. Saini hizo ziliwekwa wapi? Berlin. Hapo ndipo tunapochanganya. Berlin ya 1884 ni mkutano wa mataifa mengi, Berlin ya 1890 ni mezani kwa wawili, na ni hii ya pili iliyoiweka Buganda upande wa Mwingereza.

Kuifundisha ni rahisi. Chukueni karatasi ya manila, mchore ziwa na pwani, na uzi mwekundu wa mita moja. Ubandikeni kutoka Umba hadi ufuko wa mashariki, mseme "1886", muuache uning'inie. Simulieni habari ya Mumias na Mengo huku uzi unaning'inia. Kisha uvuteni kuvuka ziwa, "1890". Wanafunzi hawasahau. Wengi wenu mnauvuta wote kwa mara moja, na kazi yote inaharibika.

3. Ujerumani haikuibadilisha Zanzibar kwa kisiwa cha Heligoland, kwa sababu Zanzibar haikuwa yake. Ilikuwa ya Sultani. Ilichofanya, katika mkataba huo huo wa 1890, ni kukubali Uingereza iwe mlinzi wa Zanzibar, na kuachia Witu, kwenye pwani ya Kenya ya leo, na madai yake upande wa Uganda. Mgeni akiuliza Mwingereza alitaka nini huku ndani, jibu ni Nile: Misri aliishika tangu 1882, na mto wa Misri unaanzia Jinja. Na ile hadithi ya Malkia Victoria kumzawadia mjukuu wake Kilimanjaro, waachieni wauza vinyago.

4. Wangereza na Wafransa. Mkitamka majina haya Mengo bila kuyaeleza, mgeni anadhani askari wa Ufaransa walipigana hapa. Wangereza ni Waganda wa Kiprotestanti, Wafransa ni Waganda wa Kikatoliki, kila kundi likiitwa kwa taifa la wamisionari wake. Lugard, mtu wa IBEAC, alifika Desemba 18, 1890, akapiga kambi kilima alichokichagua mwenyewe, ndiyo Old Kampala hiyo mnayoanzia ziara, akiwa na bunduki ya Maxim iliyokwisha kuchoka kwa msafara wa Stanley. Desemba 26 mkataba wake na Mwanga ukatiwa saini. Januari 24, 1892 vita vikalipuka. Kampuni iliwagawia Wangereza bunduki, Wafransa wakashindwa, Kabaka akakimbilia ziwani. Ufaransa ililalamika, na mwaka 1898 Uingereza ililipa fidia ya pauni 10,000 kwa misheni. Elekezeni kidole Nsambya: mapadri wa Mill Hill, shirika la Kikatoliki la Uingereza, waliletwa 1895 ili ionekane kwamba mtu anaweza kuwa Mkatoliki bila kuwa mtu wa Mfaransa. Kilima kile ni siasa ya mataifa makubwa mnayoweza kuiona kwa macho.

5. Kwa wageni wa Tanzania msiache kutaja Mutukula, mpakani mwa Uganda na Tanzania. Mstari wa digrii 1 haukuujali mto Kagera, ndiyo maana kuna ardhi ya Tanzania kaskazini ya mto, ile ile Amin aliyoivamia 1978. Kusini magharibi ulileta shida nyingine: mkataba ulimpa Mwingereza mlima Mfumbiro, huku waliouandika hawajui sawasawa uko wapi. Wajerumani, Wabelgiji na Waingereza walibishana hadi 1910 ndipo mpaka ukapita juu ya Muhavura na Sabinyo, na eneo la Bufumbira likabaki Uganda.

6. Bendera ya Uingereza iliyopandishwa na Portal, mjumbe wa serikali yao, badala ya ile ya kampuni, ni Aprili 1, 1893. Kutangazwa kwa himaya ni Juni 18, 1894. Msizichanganye.

Kundi la Mwanza lina haki ya kusikia jambo moja zaidi. Mwanga aliasi Julai 1897, akashindwa, akavuka upande wa Wajerumani, nao wakamweka Mwanza, kwao hao wanafunzi. Alitoroka, akaungana na Kabalega, mfalme wa Bunyoro, wakakamatwa pamoja Aprili 9, 1899 na kupelekwa Ushelisheli.

Mkibakiwa na saa mbili mchana, wapelekeni Munyonyo wakaione Bulingugwe, kisiwa alichojibanza Mwanga wakati barua zikienda Mumias. Boti zipo, bei mpatane kabla watu hawajapanda, na kila mtoto avae jaketi la kuokolea.