Asubuhi Mabamba, mchana kwa Kabaka: nendeni na mwongozaji wa pale pale

Tangu niweke zile picha za mama mdogo wangu akiwa kwenye mtumbwi, meseji zimenijaa na nyingi ni swali lile lile: hii tripu ya kinamasi cha Mabamba na makasri ya Kabaka, mfalme wa Buganda, uliipangaje, na kweli inaisha siku moja? Dada mmoja wa Kansanga ameuliza mpaka avae nini. Nimeona niandike yote hapa, maana kujibu mmoja mmoja WhatsApp nimechoka, na pia kuna jambo nimelibeba kifuani muda mrefu na leo nalisema.

Jibu fupi ni kwamba siku moja inatosha. Anzeni na maji, malizieni na makasri, na mwongozaji awe mtu wa pale. Hilo la mwongozaji nitalirudia mpaka mnichoke.

Kwa wasionijua, mimi ni mtu wa Mombasa niliyeolewa Kampala. Mume wangu ni Muganda wa ukoo wa Mmamba, yaani ukoo wa kambaremamba, kwa hiyo watoto wangu nao ni Mmamba na samaki huyo kwetu haliwi. Nayasema haya mapema kwa sababu ndiyo yaliyonifanya nitake safari hii tangu mwanzo, nilitaka kuijua nchi ya watoto wangu, na najua wengi wenu mko vile vile, mmeolewa huku, mnafanya biashara huku, mmetoka Goma au Kisumu au Mwanza na watoto wanakulia huku, na nchi yenyewe mnaijua kwa barabara ya kwenda kazini tu.

Sasa lile la kifuani. Kampuni niliyoenda nayo mara ya kwanza siitaji jina. Nililipa pesa ile ile waliyolipa wenzangu, na wenzangu wote walikuwa watalii kutoka nje. Asubuhi mwongozaji ananifikia pale kwenye gari anauliza, nyabo, yaani bibie, wewe unamfanyia kazi nani kati ya hawa? Nikamwambia mimi ni mteja. Hakuomba radhi, aliangalia tu karatasi yake. Kwenye maji darubini ilizunguka kwa wote na kila ikinikaribia mtumbwi unageuzwa. Tulipofika Kasubi, kwenye makaburi ya wafalme, akatusomea majina ya wafalme wanne, akasema pigeni picha tuondoke, nikamuuliza kuhusu ukoo wa Mmamba na maji ya asubuhi akasema hilo halimo kwenye programu. Wakati wa kula wageni wakawekewa meza, mimi nikaelekezwa nikale na dereva huko nyuma. Dereva mwenyewe mtu mwema sana na tuliongea vizuri, ila jambo lile mpaka leo likinijia usiku usingizi unapotea. Katika nchi ya watoto wangu, kwa pesa yangu!

Nikaapa kwamba mama mdogo akija kutoka Mombasa hatapitia hayo. Mama mdogo ndiye aliyenilea, ni mzee sasa, na mwezi uliopita alikuja. Nikatafuta kijana wa kule kule Mabamba, mtoto wa mvuvi, Kiswahili anakijua kwa sababu alifanya kazi Nairobi, na kwa upande wa makasri nikaomba mwongozaji wa pale pale anayezijua koo. Gari tukakodi la mtu tunayemjua.

Tulitoka saa kumi na moja alfajiri, na hapo msibishane nami. Mnaweza kupita Entebbe na kuvuka na kivuko cha Nakiwogo kwenda Buwaya, au mkazunguka kwa barabara upande wa Kasanje, ila mkitoka Kampala saa mbili mnakuta jua kali, upepo umeanza ziwani na korongo nyangumi, ndege mnayemtafuta, amejificha kwenye mafunjo. Njiani tukanunua rolex za moto, mama mdogo akasema chapati na yai alivijua siku zote ila hakujua vinakunjwa pamoja hivyo. Barabara nyingine siisemi, ni vumbi na mashimo, mtafika.

Mabamba ni ghuba ya ziwa Victoria, Nalubaale kwa Waganda, imejaa mafunjo na yungiyungi, na tangu 2006 imo kwenye orodha ya Ramsar ya ardhioevu zinazolindwa kimataifa. Mnapanda mtumbwi wa mbao wenye injini, mkishaingia kwenye vijia vya maji injini inazimwa na kijana anasukuma kwa upondo. Kelele zinakoma. Ndege wa vidole virefu wanatembea juu ya majani ya yungiyungi, mdiria wa buluu anapita, na mama mdogo, ambaye nyumbani hanyamazi, kimya kabisa.

Tukamkuta korongo nyangumi. Waganda wanamwita bulwe. Wale mliomwona kwenye picha tu, hamjamwona. Ni ndege wa kijivu, wima anakaribia mita moja na nusu, mdomo mpana kama kiatu cha mbao, anasimama bila kutikisika mpaka unadhani ni sanamu. Kijana wetu akatuambia kwa nini anasimama vile: anamngoja kambaremamba. Samaki huyo anapumua hewa, hana budi kupanda juu kila baada ya muda, na akipanda tu bulwe anamwangukia na mwili mzima. Ndiyo maana mkitaka kumwona bulwe mnatafuta mahali penye kambaremamba, na ndiyo maana kinamasi kikikaushwa wote wawili wanaondoka. IUCN, shirika la uhifadhi wa viumbe, linakadiria bulwe waliokomaa waliobaki duniani ni kati ya 3,300 na 5,300 tu, na jike akitaga mayai mawili au matatu kwa kawaida anakua kinda mmoja. Zamani wavuvi wa hapa walikuwa wanamuua kwa sababu waliamini ukimwona kabla ya kutega nyavu siku imeharibika, hupati samaki. Kijana akasema wazee wa kwao waliamini hivyo kabisa, na leo familia ile ile inakula kwa sababu ndege yuko hai na watu wanalipa kuja kumwona. Hadithi hii ule mzunguko wangu wa kwanza sikuisikia! Nilionyeshwa ndege, nikaambiwa jina la Kiingereza, basi.

Akatuambia pia kuhusu nzohe, swala wa kinamasi mwenye kwato ndefu zilizopanuka, akitishwa anazama majini anaacha pua tu. Hatukumwona na sikutarajia. Msimlipe mtu anayewaahidi kwamba mtamwona nzohe, na hata bulwe mwenyewe, mwongozaji mkweli atakwambia ni asubuhi nyingi anaonekana ila yeye si wa kufugwa.

Sasa sikilizeni kwa nini nasema maji kwanza. Koo za Buganda zina wanyama wao, na baadhi ni wa maji haya haya. Kuna Mmamba, kuna Njobe ambaye ndiye huyo nzohe, kuna Ng'onge ambaye ni fisi maji, kuna Nvubu, kiboko. Gabunga, mkuu wa ukoo wa Mmamba, ndiye aliyekuwa anasimamia mitumbwi ya Kabaka. Kwa hiyo ukishaona asubuhi, mchana ukifika Mengo, ile barabara iliyonyooka kutoka Bulange, jengo la bunge la Buganda, mpaka lango la Lubiri, kasri la Kabaka, wanyama wa koo wamechongwa kandokando yake na unawatambua mmoja mmoja. Mwanangu wa kiume, ambaye siku hizi kumtoa kwenye simu ni vita, alishuka kwenye gari akatafuta sanamu ya Mmamba akasimama pale akaniita, mama, huyu ndiye yule wa bulwe! Mimi machozi yalinitoka, na siyaonei haya. Ukigeuza safari, ukaanza na makasri, sanamu zinabaki sanamu tu.

Kwenye barabara hiyo hiyo kuna mzunguko wa Nantawetwa, magari yote yanazunguka ila katikati kuna njia yenye geti anayopita Kabaka peke yake, yeye hazunguki. Na chini kidogo kuna ziwa la Kabaka lililochimbwa kwa mikono enzi za Kabaka Mwanga wa Pili, miaka ya 1880, inasemwa alitaka lifike mpaka Nalubaale apate njia ya kutokea kwa maji. Kumbe maji ya asubuhi yalitaka kuletwa mpaka mlangoni kwa mfalme.

Lubiri si mahali pa kicheko. Tarehe 24 Mei 1966 jeshi la serikali ya Milton Obote likiongozwa na Idi Amin lilishambulia kasri, Muteesa wa Pili, ambaye alikuwa Kabaka na pia rais wa kwanza wa nchi, akatoroka akaenda Uingereza, akafia London 1969, mwili ukarudishwa 1971. Ndani ya ua kuna mahandaki ya zege ya enzi za Amin ambamo watu walifungiwa na kuuawa, sakafu ilijazwa maji yenye umeme asitoroke mtu, na alama za mikono bado ziko ukutani. Mama mdogo aliingia hatua chache akarudi nje akaanza kusoma Fatiha. Mwongozaji akavua kofia akangoja mpaka amalize, hakumharakisha. Hapo ndipo nilipojua pesa yangu imefika kwa mtu.

Kasubi tuliiweka mwisho. Kwanza ilikuwa ikulu ya Muteesa wa Kwanza, aliijenga mwanzoni mwa miaka ya 1880, alipofariki 1884 akazikwa humo humo, na baada yake wakaja Mwanga, Daudi Chwa na huyo Muteesa wa Pili. UNESCO iliiweka kwenye urithi wa dunia 2001. Tarehe 16 Machi 2010 ile nyumba kubwa ya nyasi, Muzibu Azaala Mpanga, iliungua, watu wazima walilia barabarani, ikajengwa upya kwa miaka mingi na 2023 UNESCO ikaitoa kwenye orodha ya urithi ulio hatarini. Paa linaezekwa na watu wa ukoo wa Ngeye, hiyo ni kazi yao toka enzi, na ndani dari lina pete 52 za majani, kila pete ukoo mmoja. Ulizeni siku hiyo hiyo ni sehemu gani wageni wanaruhusiwa, msilazimishe, yale ni makaburi na kuna wanawake wa kifalme wanaokaa hapo kuyatunza.

Halafu kuna jambo ambalo sisi Waswahili tungetakiwa kulijua kabla ya mtu yeyote. Wafanyabiashara wa pwani walifika katika kasri la Buganda 1844, enzi za Kabaka Suuna, miaka mingi kabla ya wazungu Speke na Stanley, na Muteesa wa Kwanza aliyelala Kasubi alifunga Ramadhani kwa miaka kadhaa. Mama mdogo aliposikia hayo alikaa vizuri kwenye mkeka wake akamwambia mwongozaji, mwanangu, kumbe mimi nimekuja kwa wenyeji wangu. Yule kijana akajibu, jjajja, yaani bibi, wewe ulichelewa tu kuja. Mtu aliyekariri karatasi hawezi kukupa jibu kama hilo.

Ndugu zangu, tuache kusema utalii ni wa wazungu. Nimelisikia hili kazini, kanisani kwa majirani, msikitini kwetu, hata kwa shemeji zangu, kwamba mtu anapoteza pesa kwenda kuangalia ndege. Mtu huyo huyo anachangia sherehe kila wikendi! Na kule Lubigi, bonde lililo chini ya Kasubi, mafunjo yamefukiwa watu wakajenga, mpaka 2024 NEMA, mamlaka ya mazingira, ikaja kubomoa na familia zikabaki nje na mvua. Kama tungepelekwa tukiwa wadogo tukaambiwa mafunjo yale yanachuja maji machafu kabla hayajafika mtoni, sidhani tungenunua viwanja pale kwa furaha ile. Wazazi, wapelekeni watoto. Na mkidharauliwa kwenye gari kama nilivyodharauliwa mimi, semeni pale pale na mdai pesa yenu, mmelipa kama wengine.

Haya, mambo ya mkononi. Mwongozaji wa pale, narudia. Kabla hujatuma mobile money muulize maswali mawili: bulwe anakula nini na kwa nini anasimama, na wewe ni wa ukoo gani. Akijibu kwa furaha mchukue, akikutumia bei tu achana naye. Bei iwe imetajwa yote, gari, mtumbwi, viingilio vya Lubiri na Kasubi, na chakula, na uliza kama kuna bei ya Afrika Mashariki, bebeni vitambulisho. Laifu jaketi vaeni hata kama nahodha hajavaa. Dada wa Kansanga, vaa gauni refu au sketi na ubebe leso, Kasubi mwanamke haingii na suruali na viatu mnavua, rangi iwe ya kutulia kwa ajili ya ndege, nyekundu iache nyumbani. Kofia, maji, na koti jepesi maana alfajiri ziwani kuna baridi.

Kwa wale mlioniuliza kuhusu watoto wadogo: chini ya miaka sita mimi ningewaacha na bibi yao, mtumbwini watachoka na yale mahandaki ya Lubiri hayawafai, wakubwa kidogo hata hao wabaki juu na mtu mmoja nyie mkishuka. Namba ya kijana wa Mabamba siiweki hapa hadharani, yeyote anayeitaka aniandikie inboksi, nitamuuliza kwanza.