Maswali ya Waandishi: Kalenda ya Ulimwengu wa Kubuni

SWALI: Ninaandika riwaya ya ulimwengu wa kubuni wenye miezi miwili angani: mdogo hupevuka kila siku 26, mkubwa kila siku 40. Mwaka una siku 360, nami nimeugawa katika vipindi 12 vya siku 30. Waliosoma mswada wanasema kalenda yangu ni nadhifu lakini haina uhai. Nifanyeje?

JIBU: Umeumba miezi miwili kisha ukaipuuza! Vipindi vyako vya siku 30 havimfuati mdogo wala mkubwa. Nani basi aliyevitunga, na kwa nini watu walimkubalia? Waandishi wengi hukimbilia majina ya siku. Mimi nakusihi uanze na mabaki ya hesabu.

Anga letu lenyewe haligawanyiki sawasawa. Mizunguko 12 ya mwezi ni takriban siku 354, mwaka wa jua ni 365 na karibu robo. Kalenda ya Kiislamu haizifidii zile siku 11 zinazopungua, ndiyo maana Ramadhani hupita misimu yote kwa takriban miaka 33. Wayahudi huongeza mwezi mzima mara 7 katika kila miaka 19. Na ukipenda kubaki na siku 30, itazame Ethiopia: miezi 12 ya siku 30, kisha wa 13 wenye siku 5 au 6.

Sasa piga hesabu zako. Mwezi mkubwa hukamilisha mizunguko 9 kwa mwaka bila baki, kwa hiyo hupevuka tarehe zilezile daima. Watoza kodi wataupenda. Mdogo hukamilisha 13 na kubakiza siku 22, hivyo tarehe zake huhama. Waachie wavuvi, wanaoishi kwa kujaa na kupwa kwa maji. Yote miwili hupevuka pamoja kila siku 520, na usiku huo hurudi kwenye tarehe ileile baada ya miaka 13. Aliyezaliwa usiku huo atatimiza miaka 13 chini ya miezi miwili mipevu. Mimi ningeijenga riwaya nzima juu ya mtoto huyo.

Usisahau mamlaka. Katika Roma ya kale makuhani ndio walioamua lini mwezi wa ziada uongezwe, na uamuzi huo uliweza kumrefushia au kumfupishia mtu muda wake madarakani. Hesabu ikavurugika hata Julius Caesar akaufanya mwaka wa 46 kabla ya Kristo uwe na siku 445. Hebu mfikirie mfungwa wako aliyehukumiwa mwaka mmoja, halafu mwaka ukarefushwa akiwa ndani.

Jedwali lenyewe libaki kwenye daftari lako. Msomaji aijue kalenda kwa deni linaloiva, na kwa wavuvi wanaokataa kulipa kodi kabla mwezi wao haujapevuka.