Ukungu wa Zsigmond Haukuwa wa Filta Peke Yake

Wadogo zangu wa idara ya kamera, nimechoka kuona filta ya ukungu, kile kioo cha kulainisha picha, ikifungwa kwenye lenzi kabla mwongozaji hajaeleza tukio linahusu nini, na kila nikiuliza sababu naambiwa kwamba ndivyo alivyofanya mpiga picha wa filamu Vilmos Zsigmond. Basi tumsome vizuri.

Kwanza, mjue alikotoka. Alizaliwa Szeged, Hungaria, mwaka 1930, akasomea upigaji picha za filamu Budapest, na mwaka 1956, wananchi walipoinuka dhidi ya utawala uliotegemea majeshi ya Kisovieti, yeye na mwenzake László Kovács walirekodi mapambano ya mitaani, kisha wakavusha mikanda hiyo hadi Austria. Huko Marekani alianzia kwenye filamu za bei rahisi, akiandikwa William badala ya Vilmos. Ninyi mkivuta nyaya miezi michache tu, mnanuna.

Pili, ukungu wenyewe. Katika filamu ya McCabe & Mrs. Miller iliyoongozwa na Robert Altman, mwaka 1971, filta zilikuwapo, lakini negativu nayo, yaani mkanda uliopita kwenye kamera, iliangazwa kwa mwanga hafifu kabla ya kusafishwa kwa dawa maabara, ili vivuli viinuke, weusi ulainike na rangi zipauke. Kinachoingia kwenye negativu hakifutiki, kwa hiyo uamuzi ule ulitaka majaribio na moyo.

Mimi nilichukua giza la Zsigmond nikaacha mwanga unaolishikilia. Tulikuwa tunapiga tukio la bibi akimuaga mjukuu wake, dirisha likiwa nyuma yao. Nikapima mwanga wa dirisha, nikafunga filta, nikabana tundu la lenzi ili mwanga upungue, na kwenye skrini ndogo nikajiona nimefika. Kwenye chumba cha uhariri, mtandio mweupe wa bibi ulionekana hadi nyuzi zake, ilhali uso wake, ambao sikuuwekea taa hata moja, ulikuwa umezama, na machozi ya kweli aliyolia hayakuonekana kabisa. Tulipoviinua vivuli zikaja chenga tupu. Mwongozaji hakunigombeza, alinituma tu nikamweleze bibi kwa nini tunarudia. Nikaenda, nikamwamkia, nikaanza kueleza habari za mwanga, naye akanikatiza: “Mwanangu, kwani sikulia vizuri?”

Tatu, pimeni uso kabla ya dirisha. Nne, lenzi haifutwi kwa fulana.

Tano, acheni kusema kwamba Zsigmond ana mtindo mmoja. Katika The Long Goodbye ya mwaka 1973 aliiangaza negativu tena, lakini safari hii kwa ajili ya Los Angeles ya kisasa, na kamera ikitembea karibu muda wote. Kisha Oscar yake ikaja kwa Close Encounters of the Third Kind ya mwaka 1977, ambayo imejaa taa kali zinazomulika moja kwa moja kwenye lenzi. Anayetaka kumwiga aniletee kwanza majaribio ya mwanga ya tukio lake, yenye filta na yasiyo na filta, tuyatazame kwenye skrini kubwa.