Nguruwe wa kunyambua kwa ladha ya Kikorea: ndani mgumu, nje uji, mchuzi maji

SWALI: Nilipika bega zima la nguruwe la kilo 2 kwenye sufuria ya umeme ya kupika polepole, moto mdogo, kwa saa 6. Nilitia vikombe 2 vya maji, vijiko 4 vya gochujang (rojo la pilipili la Kikorea lililochachushwa), sosi ya soya, mafuta ya ufuta na kiwi 2 zilizosagwa ili ilainike. Ndani nyama imekaza, haikubali uma. Nje inapondeka kama uji. Mchuzi umepauka na hauna ladha. Je, nimeipikisha kupita kiasi?

JIBU: Hapana, haijaiva. Bega ni mnofu uliofanya kazi nyingi mnyama akiwa hai, ndiyo maana limejaa kolajeni, ile protini ngumu inayoshikilia nyama pamoja. Nyama ya nguruwe isiyosagwa huwa salama kuliwa ikifika nyuzijoto 63 ndani na kupumzishwa dakika 3, ila kuwa salama na kunyambuka ni mambo mawili. Joto likizidi 60 na kitu, nyama hujikunja na kukamua maji yake. Kolajeni nayo huanza kugeuka jelatini laini kwa maana baada ya 70, tena kwa kusuasua. Katikati ya hatua hizo mbili ndipo nyama huwa ngumu kuliko wakati wowote, na wewe ulizima papo hapo. Choma kipimajoto katikati ya pande, mbali na mfupa: unataka 93 hadi 96. Kama huna, zungusha uma ndani ya nyama. Ukizunguka bila kubishana, imeiva.

Bega zima la kilo 2 kwa moto mdogo linahitaji saa 9 au 10. Likate vipande 4 vya karibu nusu kilo na saa 8 zinatosha. Kwa moto mkubwa, 5 hadi 6. Usitie nyama iliyoganda kutoka kwenye friza, maana itakaa mno kwenye uvuguvugu unaopendwa na bakteria. Mfuniko nao uache ulivyo: kila ukifunua, ongeza dakika 20 hadi 30. Nyama ya mgongoni usiijaribu kabisa kwa mapishi haya. Haina mafuta wala kolajeni ya kutosha, itanyambuka ikiwa kavu kama kamba.

Ule uji wa nje ni kazi ya kiwi. Tunda hilo lina kimeng'enya kinachokata protini, na nanasi bichi linacho cha aina yake. Kwenye kikaango cha moto mkali kimeng'enya hufa haraka. Kwenye sufuria ya polepole nyama hupitia uvuguvugu kwa muda mrefu, kikila uso tu kwa sababu hakipenyi zaidi ya milimita chache. Ndani hakikugusa kitu. Wakorea hutia pea kwenye bulgogi (nyama nyembamba iliyokolezwa na kuchomwa), na hapa utamu wake ndio tunaoutaka. Tufaha moja kubwa lililokunwa linashika nafasi hiyo vizuri. Kiwi uile baada ya chakula.

Sasa mchuzi, ambao ndio mapishi yenyewe. Sufuria hii haipotezi mvuke, na bega la kilo 2 huachia karibu theluthi ya uzito wake kama maji na mafuta. Vikombe vyako 2 vilikuwa vya ziada tupu. Tandaza vitunguu maji 2 vilivyokatwa vipande vinene, weka nyama juu, kisha mimina mchanganyiko huu bila maji yoyote: gochujang gramu 60, sosi ya soya mililita 80, sukari ya kahawia gramu 50, punje 8 za kitunguu saumu zilizopondwa, tangawizi iliyokunwa gramu 30 na lile tufaha. Chumvi usitie bado. Gochujang na soya zina chumvi yake, na mchuzi ukipunguzwa chumvi inabaki yote.

Ukipenda kukaanga nyama kwanza, ikaushe kwa kitambaa na uipe dakika 3 hadi 4 kila upande ikiwa tupu. Gochujang ina sukari, itaungua kabla nyama haijapata rangi. Kukaanga huku huleta ladha na rangi. Ile kauli kwamba "hufungia maji ndani" si kweli.

Nyama ikiiva, itoe na uiache dakika 15. Chuja mchuzi, subiri mafuta yaelee, yaenguliwe. Uchemshe kwenye sufuria pana ya kawaida bila mfuniko, dakika 12 hadi 15, hadi ubaki nusu. Hapo ndipo unaongeza gochujang nyingine gramu 60, kwa moto mdogo huku ukikoroga chini, maana hushika haraka. Hii ya pili ndiyo inayorudisha wekundu na ukali uliofifia kwa saa 8 za joto. Chovya mgongo wa kijiko na upitishe kidole: njia ikibaki wazi, mchuzi uko tayari. Epua, tia siki ya mchele kijiko 1 cha mezani na mafuta ya ufuta vijiko 2 vya chai. Harufu ya mafuta haya haistahimili kupikwa. Yako yalipotelea humo mapema. Sasa onja chumvi.

Nyambua kwa uma mbili, ukitoa vipande vya mafuta, na uchanganye na mchuzi kidogo kidogo. Usiumimine wote kwa mkupuo, nyama ikilowa mno hupoteza umbo. Kwa kingo zenye ukavu mtamu, itandaze kwenye trei, uiweke chini ya griili ya oveni dakika 4 hadi 6. Simama hapo hapo, sukari haisubiri mtu.

Nyama yako ya sasa bado inaokoka. Kwangua ule uji wa nje, kata vipande, chemsha kwenye sufuria ya kawaida hadi itokote, kisha irudishe kwenye ya umeme saa 2 hadi 3. Usianze moja kwa moja kwenye ya umeme ikiwa imetoka kwenye friji, kwa sababu hupasha taratibu mno. Itakayobaki iweke kwenye vyombo visivyo na kina ndani ya saa 2. Kwenye friji hukaa siku 3 hadi 4. Kwa kula, ifunge kwenye jani la saladi na wali kidogo na kimchi (kabichi ya Kikorea iliyochachushwa), ila kimchi itoke kwenye friji ikiwa baridi. Ukiipasha pamoja na nyama inalainika na ule mguguno wake unakwisha.