Kabla hujatinda nyusi zote, nisikilize kidogo

Mimi kazi yangu ni mekapu na nyusi, na wateja wengi wanakuja na simu mkononi, dada nifanye kama huyu, na huyo huyu kama si mzungu basi ni mtu aliyemuiga mzungu. Sikatai kazi jamani, fremu nailipia kodi. Ila kwenye nyusi nabishana.

Hao tunaowaiga hawajawahi kutulia hata siku moja. Karne ya 15 huko Ulaya mrembo alikuwa mwenye paji kubwa la uso, basi wanawake wakawa wanang'oa nyusi na nywele za mbele pia. Tafuta mchoro wa mchoraji Rogier van der Weyden wa mwaka 1460 hivi, yule mwanamke wa shela, nywele zimevutwa nyuma mpaka unamwonea huruma na nyusi unazitafuta. Njoo miaka ya 1930, mwigizaji Marlene Dietrich kazing'oa kachora uzi kwa penseli juu kabisa, miaka ya 80 mwigizaji na mwanamitindo Brooke Shields na manyusi yake manene kila mtu anayataka, miaka ya 90 uzi tena!! halafu mwanamitindo Cara Delevingne akazirudisha nene. Mama yangu mdogo alizitinda sana miaka hiyo ya 90, mzizi uking'olewa mara kwa mara unachoka, leo kila asubuhi anachora kwa wanja maana nyingine hazikurudi.

Rangi nayo hivyohivyo. Zamani weupe wa karatasi ulimaanisha hulimi juani, wakajipaka poda yenye risasi, yale madini ya sumu, Maria Gunning, mrembo maarufu wa London, akafa 1760 hajafika hata miaka 30 na lawama ikaenda kwenye hiyo poda. Kazi zilipohamia viwandani, jua likawa la wenye hela ya kwenda pwani, miaka ya 1920 mbunifu wa mavazi Coco Chanel karudi likizo kaiva na jua, ikawa fasheni. Na leo wanalipia kubabuliwa na mashine huku sisi tunanunua mkorogo, haya.

Kwa hiyo tinda kwa chini tu, ufuate njia yake ilivyo, juu usiguse. Tatuu ya nyusi ifikirie kwanza, usifanye kwa sababu ya picha ya juzi. Ukitaka nyembamba kabisa ya harusi njoo, nazifunika kwa konsila, ile krimu ya kuficha madoa, nachora juu yake, usiku unanawa. Bei ni ileile.