Bustani ndani ya chupa

Swali: Mhariri, nimepanda kangaga ndogo katika chupa ya kioo yenye mdomo mwembamba, nikaifunga. Sasa kioo hujaa matone mchana kutwa na majani ya chini yameanza kuoza. Nimekosea wapi, na nitumie vifaa gani? – Msomaji, Tanga

Jibu: Ndugu msomaji, tatizo ni maji. Chupa iliyofungwa haina tundu la kuyatolea, kwa hiyo yote uliyomwaga hubaki yakizunguka kati ya udongo, majani na kioo. Umande wa asubuhi unaotoweka mchana ni jambo la kawaida, ila matone yasiyokauka yaonyesha kuwa udongo umelowa kupita kiasi. Iache wazi siku mbili tatu, mbali na jua kali, kisha ukate majani yaliyooza kwa mkasi mwembamba na kuyatoa kwa kibano kirefu (kile cha kunyolea nyusi hakifiki), kwani yakiachwa huota kuvu. Kijiko kilichofungwa kwenye kijiti hutosha kuchimbia, na kipande cha sponji kwenye waya hufuta kioo. Changarawe ya chini hupokea maji ya ziada lakini haiyaondoi, hivyo usiitegemee. Baadaye nyunyizia kidogo tu, tena pale kioo kinapoamka kikavu.